Bata mzinga wanapungua Uingereza: nimtumie mdogo wangu pauni 4,000?

Swali: "Niko Norfolk, Uingereza, mwaka wa sita sasa, nafanya kazi kwenye kiwanda cha kuchinja na kukata bata mzinga. Nilipoanza tulikuwa na zamu mbili kwa siku karibu mwaka mzima. Siku hizi, kuanzia Januari hadi Agosti, kuna wiki napata siku tatu tu. Msimamizi anasema ni mafua ya ndege. Mwenzangu wa meza moja anasema Waingereza wamemchoka bata mzinga. Wakati huohuo mdogo wangu aliyeko Usa River, Arusha, ananibana nimtumie pauni 4,000 aanze na vifaranga 300 wa mbegu ya kizungu. Hoja yake ni kwamba kama Ulaya wanaacha, nafasi ni yetu na bei itapanda. Ana kuku wa kienyeji wapatao 60 na eneo la kutosha. Je, ni kweli ufugaji huu unakufa Ulaya? Na hela nitume au nisitume?"

Jibu:

Ndugu yangu, umeuliza maswali mawili, ila mdogo wako ameyafunga kwa kamba moja: Ulaya ikishuka, Usa River itapanda. Nitaifungua kamba hiyo taratibu, kwa sababu hapo ndipo pauni zako 4,000 zinapoweza kupotelea. Kiwanda chako na banda la mdogo wako vinahusu ndege mmoja, lakini ni masoko mawili yasiyojuana hata kwa salamu.

Tuanze na zamu zako. Msimamizi amesema kweli kidogo, na mwenzako wa mezani naye kweli kidogo. Kosa lao ni la kalenda. Mafua ya ndege yaliyoitikisa Uingereza kwa uzito hasa yalikuja msimu wa 2021/22, yakazidi msimu uliofuata. Lakini uzalishaji wa nyama ya bata mzinga nchini humo ulifika kileleni katikati ya miaka ya 1990, ulipokaribia tani 300,000 kwa mwaka. Kufikia 2010 ulikuwa umeshuka hadi karibu nusu ya hapo. Yaani siku uliyoajiriwa, ulikuwa unaingia kwenye nyumba ambayo wenyewe walishaanza kuhamisha vyombo.

Ili uelewe kushuka, ujue kwanza walivyopanda, na bahati nzuri unaishi mahali penyewe. Norfolk na Suffolk zimefuga bata mzinga kwa karne nyingi. Katika miaka ya 1720 msafiri mmoja aliandika kwamba kwenye daraja moja tu la mto Stour walikuwa wakipita bata mzinga wapatao 150,000 kwa msimu, wakiswagwa kwa miguu kwenda London, makundi ya mia tatu hadi elfu moja. Waliokuwa wakiwala ni wenye nacho. Hata kabla ya Vita Kuu ya Pili, familia ya kawaida ya Kiingereza ikipata bata bukini au kipande kizuri cha ng'ombe siku ya Krismasi, imeshiba na kushukuru.

Baada ya vita mambo yakageuka. Nyama ilikuwa ya mgao hadi Julai 1954, na mgao ulipoisha watu walikuwa na njaa ya kitu kikubwa mezani. Wakati huo kijana wa Norfolk, Bernard Matthews, alikuwa ameshaanza. Mwaka 1950 alinunua mayai 20 ya bata mzinga na kitotoleshi cha mafuta ya taa. Mwaka 1955 akanunua jumba la kale la Great Witchingham, na inasimuliwa kwamba vyumba vyake vingi vilikaa bata mzinga kabla ya kukaa watu. Ndege walihimili banda kubwa, chakula cha kiwandani kikawa rahisi, na wachaguzi wa mbegu wakapata ndege mweupe mwenye kidari kipana. Weupe huo una sababu: mzizi wa unyoya mweusi huacha madoa kwenye ngozi, wa mweupe hauonekani.

Ila kilichojaza viwanda kama chako hakikuwa Krismasi. Lilikuwa wazo kwamba bata mzinga anaweza kuliwa Jumanne ya kawaida mwezi Machi. Wakamtoa mifupa, wakamviringisha, wakamsaga, wakampaka chenga za mkate, wakamuuza kwa bei ya chini kuliko nyama nyekundu. Zamu zako mbili za mwaka mzima zilizaliwa na wazo hilo, na ndilo lililokufa. Krismasi haijafa.

Watu hupenda kutaja mwaka 2005, mpishi Jamie Oliver alipowaonyesha Waingereza kwenye televisheni vipande vya bata mzinga vya kusokota ambavyo watoto walikuwa wakilishwa shuleni. Kweli, shule zikaviondoa. Wengine hutaja Februari 2007, kirusi cha mafua ya ndege, aina ya H5N1, kilipoingia shamba kubwa la Holton, Suffolk, na bata mzinga wapatao 160,000 wakateketezwa. Yote mawili yaliuma. Lakini ukiyapanga kwenye mstari wa takwimu utaona mteremko ulikuwa umeanza miaka kadhaa kabla. Kuna kitu kingine kilichokuwa kikiwatafuna polepole, nacho ni kuku.

Hapa naomba uvumilivu wako kidogo, maana ndipo penye kiini, na kinamhusu mdogo wako kuliko anavyodhani.

Kuku wa nyama wa kisasa huchinjwa akiwa na wiki tano au sita. Dume la bata mzinga la mbegu nzito huchinjwa likiwa na wiki 20 hivi, likiwa na kilo zinazokaribia 20. Banda la kuku hujazwa na kumwagwa mara saba kwa mwaka; banda la madume ya bata mzinga likipita mara mbili na nusu limefanya kazi. Kuku anahitaji kama kilo moja na nusu hadi moja na robo tatu za chakula kuongeza kilo moja ya uzito, bata mzinga anahitaji kama mbili na nusu. Na chakula peke yake ni takribani theluthi mbili ya gharama yote ya kumkuza. Ngano au soya zikipanda bei, mwenye kuku anaumia wiki sita kisha anapanga upya. Mwenye bata mzinga anaumia miezi mitano, na deni la benki haliwezi kumsubiri ndege anenepe.

Kasi hii ina faida ya pili ambayo wengi hawaihesabu. Wachaguzi wa mbegu za kuku wanapata vizazi vingi kwa muda mfupi, kwa hiyo kila mwaka kuku anapungua gharama kidogo. Bata mzinga naye ameboreshwa sana, lakini anamfukuza mwenzake aliyetangulia na mwenye miguu mirefu zaidi. Leo Uingereza inachinja kuku zaidi ya bilioni moja kwa mwaka. Kwa hiyo mwambie mwenzako wa mezani kwamba Waingereza hawajaacha nyama ya ndege, wanaila kuliko zamani. Wamehamisha tu uma kwenye sahani nyingine, na kidari cha kuku kinafanya kila alichokuwa anakifanya bata mzinga siku ya Jumanne.

Halafu kuna mzigo wa mwili wenyewe. Ukitaka kuuza kidari, lazima pia uuze mapaja, vipapatio na shingo. Wewe mkataji unajua vinavyojaa kwenye makreti. Mwingereza anataka nyama nyeupe, kwa hiyo nyama nyeusi na vipapatio vya Ulaya hutafutiwa wanunuzi mbali, ikiwemo Benin na Kongo, vikiwa vimegandishwa. Soko hilo likifungwa kwa sababu ya ugonjwa, kidari kinalazimika kubeba gharama ya mwili mzima, na hapo bei yake haiwezi tena kusimama karibu na ya kuku.

Sasa, je, "Ulaya inakufa"? Hapana. Imehama. Ufaransa ndiyo iliyokuwa kinara: karibu na mwaka 2000 ilizalisha zaidi ya tani 700,000 kwa mwaka, nyingi zikitoka mkoa wa Bretagne, na kufikia 2020 ilikuwa imepoteza zaidi ya nusu ya hizo. Wakati huohuo Ujerumani ilipanda, na Poland, baada ya kuingia Umoja wa Ulaya mwaka 2004, ikapanda zaidi, hadi nchi hizo mbili zikawa zinashindania nafasi ya kwanza, kila moja kwenye tani laki nne hivi. Poland ilikuwa na kazi ya bei nafuu na nafaka jirani, na mnunuzi mkubwa, Mjerumani, yuko ng'ambo ya mpaka tu. Lakini nao hawakupona: mwaka 2021 mafua ya ndege yalifagia mashamba mamia, hasa pale mabanda yalipobanana, kama maeneo ya Żuromin na Mława.

Kuna jambo linalonichekesha kila nikilifikiria. Uingereza inayopunguza bata mzinga mezani ni miongoni mwa nchi zinazouza mbegu yao duniani. Mbegu nzito nyeupe iitwayo B.U.T., inayojaza mabanda ya Poland, Ujerumani na kwingineko, kampuni yake ina makao Cheshire, Uingereza. Biashara ya mbegu za bata mzinga duniani imeshikwa na kampuni mbili kubwa, hiyo ikiwa moja na nyingine ya Kanada ikimilikiwa na Waholanzi. Kwa hiyo mdogo wako anaposema "mbegu ya kizungu", kuna uwezekano mkubwa anataja mjukuu wa ndege hao. Kumbuka neno hilo, tutalirudia.

Na mafua ya ndege je? Yana nafasi yake, tena kubwa, ila siyo ile anayoisema msimamizi wako. Bata mzinga ni dhaifu mbele ya kirusi hiki kuliko kuku: dozi ndogo tu inamwangusha. Pia anakaa bandani muda mrefu, kwa hiyo ana siku nyingi zaidi za kukutwa. Na kwa bata mzinga wa Krismasi kuna mkosi wa kalenda. Vifaranga huanguliwa kati ya Mei na Julai, wanafikia uzito Novemba, na Oktoba na Novemba ndiyo miezi ambayo bata wa porini wanawasili kutoka kaskazini wakiwa na kirusi matumboni. Ndege anakuwa ameshakula karibu chakula chake chote siku hatari inapofika. Msimu wa 2022 viongozi wa chama cha wafuga kuku waliwaambia wabunge kwamba katika bata mzinga wapatao milioni 1.2 au 1.3 wanaofugwa huru kwa ajili ya Krismasi, karibu nusu walikuwa wamekufa au kuteketezwa. Serikali ikaagiza ndege wote England wafungiwe ndani kuanzia tarehe 7 Novemba, na ikaruhusu waliochinjwa mapema wagandishwe kisha wauzwe wakiwa wameyeyushwa.

Mkulima aliyepata hasara hiyo mara mbili mfululizo haulizi tena mafua yataisha lini. Kila Januari lazima aamue kama ataagiza vifaranga wa Desemba, na benki inamuuliza swali lilelile. Ndiyo njia ambayo ugonjwa unapunguza zamu zako: kwa kumtia hofu aliyekuwa anasitasita tayari. Ongeza kwamba mwaka 2021, baada ya Uingereza kutoka Umoja wa Ulaya, viwanda vilikosa wakataji hadi serikali ikatoa viza 5,500 za muda kwa wafanyakazi wa ndege wa kufugwa kabla ya Krismasi, kisha 2022 vita vya Ukraine vikapandisha nafaka na gesi ya kupasha mabanda joto. Kila kimoja peke yake kingestahimilika.

Kwa hiyo ninavyoiona kazi yako: kilele cha Septemba hadi Desemba kitabaki, kwa kuwa mamilioni ya familia bado zinamtaka bata mzinga siku ile moja. Hiyo ya Januari hadi Agosti, usiitegemee irudi kama ulivyoikuta. Kama umeajiriwa na kiwanda chenyewe na umetimiza miaka miwili, una haki ya malipo ya kisheria wakikupunguza. Tena kuna kifungu ambacho wengi wa kwetu hawakijui: malipo yako yakishuka chini ya nusu ya mshahara wa wiki, kwa wiki nne mfululizo au wiki sita ndani ya 13, unaweza kuwa na haki ya kuomba malipo hayo wewe mwenyewe. Siku tatu kwa wiki hazijafika hapo, lakini weka hati zako za malipo kwenye faili. Kama umeajiriwa kupitia wakala, au viza yako imefungwa kwa mwajiri huyo, hesabu ni nyingine kabisa. Usiniulize mimi wala marafiki wa kanisani au msikitini. Wapigie Acas, shirika la ushauri wa haki za kazini, ni bure, au fika ofisi ya Citizens Advice, wanaowashauri wananchi bila malipo, iliyo karibu nawe. Suala la viza lipeleke kwa mshauri wa uhamiaji mwenye leseni.

Tuje Usa River.

Kwanza bei. Nyama ya Norfolk na Poland haifiki Arusha. Tangu 2006 Tanzania ilizuia kuingiza kuku na mazao yake kwa hofu ya mafua haya haya, na inachunga: mwaka 2017 vifaranga 6,400 waliovushwa kutoka Kenya walichomwa moto Namanga. Kama nyama ya Ulaya haishindani na ya mdogo wako leo, kupungua kwake hakuwezi kumpandishia bei kesho. Anayepanga bei yake ni mpishi wa hoteli ya kitalii, familia chache za mjini kwenye sikukuu, na mtu anayetaka ndege wa kupamba uwanja. Soko hilo lipo, nalijua, na wanaolihudumia wanapata faida. Ni jembamba tu. Ndege 30 linawameza. Ndege 300 wakikomaa wiki moja, mdogo wako ndiye atakayekuwa anawabembeleza wanunuzi, huku kila siku wanaendelea kula.

Na wanakula kweli. Nilikwambia bata mzinga anahitaji kama kilo mbili na nusu za chakula kwa kilo moja ya uzito. Dume la mbegu nzito likifika kilo 20 limemaliza gunia moja la kilo 50, na jike linalochinjwa na kilo 10 limemaliza nusu gunia. Chukua ndege 300, nusu madume nusu majike: ni magunia kama 225. Mpigie mdogo wako simu, mwambie azidishe hiyo kwa bei ya gunia pale Tengeru, kisha anyamaze kidogo kwenye simu. Na hiyo ni hesabu ya banda la Kiingereza lenye chakula kilichopimwa. Kwa chakula cha kuchanganya nyumbani ndege atachukua muda mrefu zaidi na magunia zaidi. Kifaranga wa bata mzinga anataka protini ya asilimia 26 hadi 28 wiki za mwanzo, wakati chakula cha vifaranga wa kuku kiko chini sana ya hapo. Ukimlisha cha kuku utaona miguu inapinda na wengine wanadumaa. Inawezekana kuongeza dagaa na soya, ila mchanganyiko huo uandikwe na mtaalamu wa lishe ya mifugo, usikisiwe.

Pili, hiyo mbegu. Dume zito la kisasa lina kidari kipana kiasi kwamba haliwezi kumpanda jike ipasavyo. Huko Ulaya mayai ya mbegu hiyo hupatikana kwa uhimilishaji, yaani mtu ndiye anayempandikiza jike mbegu za dume. Akinunua hao akitarajia kuwazalisha mwenyewe, atapata mayai mengi matupu. Bata mzinga weusi na wa shaba walioko mikononi mwa wafugaji wa Arusha na Kilimanjaro wanakua polepole, lakini wanapandana wenyewe, jike anaatamia siku 28 bila kuomba umeme, na anatembea kutafuta majani. Kwa mtu anayeanza, huyo ndiye mwalimu mzuri. Na kama kuna mtu amemwahidi mayai "kutoka Ulaya moja kwa moja", aombe kuona kibali cha idara ya mifugo kabla ya kutoa hata shilingi.

Tatu, na hili ndilo lililonifanya nikujibu kwa urefu: hao kuku 60.

Kuna ugonjwa unaoitwa histomoniasi. Unaletwa na kijidudu kinachosafiri ndani ya mayai ya minyoo midogo ya utumbo wa kuku. Kuku anabeba minyoo hiyo bila kuonyesha lolote, anaiacha kwenye udongo, na mayai yake hukaa hai ardhini kwa miaka. Bata mzinga akidonoa hapo, kijidudu kinaingia utumboni, kinapanda kwenye ini, na kinalitoboa madoa ya mviringo kama sarafu. Utaona ndege amezubaa, mabawa yameshuka, kinyesi kimekuwa cha manjano kama unga wa kiberiti. Wengi hawapoi. Huko Ulaya dawa ya mwisho ya kuchanganya kwenye chakula ili kuzuia ugonjwa huu ilipigwa marufuku mwaka 2003, na tangu hapo wafugaji wao wanategemea zaidi usafi na utengano.

Naujua ugonjwa huu kwa kuusoma, na kwa aibu pia. Nilipokuwa kijana, nikiwa tayari na cheti changu mkononi, niliwaweka bata mzinga 12 kwenye uwanja wa nyuma ambao kuku wa mama walikuwa wameuchakura kwa miaka. Nilidhani kuwahamisha kuku kungetosha. Wiki ya kumi walianza kulala. Walibaki watatu. Mama hakusema kitu, alinipa tu jembe la kuchimbia shimo.

Kwa hiyo hata kama mdogo wako ana ekari tano, swali ni kuku wamekanyaga wapi. Banda la bata mzinga liwe mahali pasipowahi kufugwa kuku, lenye sakafu ya saruji au ya chaga na maranda makavu, na viatu vyake vya kuingilia. Mtu ahudumie bata mzinga kwanza asubuhi, kuku baadaye, kamwe si kinyume. Chanjo ya kideri wanaihitaji kama kuku. Ile ya I-2 ya matone inapatikana kwa urahisi, na ratiba yao aipange na afisa mifugo wa kata.

Kitu kimoja zaidi kuhusu kalenda, kwa kuwa najua ana ndoto ya Krismasi. Ndege wa kienyeji anataka miezi sita au saba. Maana yake vifaranga wa Desemba wanaanguliwa Mei au Juni, na wewe unakumbuka Usa River ilivyo mwezi Julai, ukungu wa Meru hadi saa nne asubuhi. Kifaranga huyu anataka joto la nyuzi 35 wiki ya kwanza, kisha lipungue taratibu. Pia ni mjinga wa kuzaliwa: anaweza kufa njaa miguu ikiwa ndani ya chakula, asipoonyeshwa. Wenye uzoefu huweka vifaranga wawili watatu wa kuku wamfundishe kudonoa, na sasa unaelewa kwa nini mimi sipendi hila hiyo. Weka vitu vinavyong'aa kwenye maji na chakula, gonga kwa kidole, kaa nao. Mkaa wa usiku wa Julai auingize kwenye bajeti.

Hela utume? Pauni 4,000, hapana. Zamu zako zimepungua, na akiba hiyo ndiyo ukuta wako iwapo kiwanda kitafunga milango Januari. Lakini kukataa kabisa nako kungekuwa kumvunja moyo mtu anayetaka kufanya kazi. Ningemtumia kiasi cha kujenga banda dogo la pekee na kununua vifaranga 30 au 40 wa aina ya kienyeji, pamoja na chakula cha miezi yote saba kikiwa kimelipiwa mapema, na sharti moja: kabla ya kununua hata mmoja, awe na wanunuzi watatu waliomwambia bei na idadi kwa mdomo wao. Wapishi wa hoteli wanajibu simu. Msimu mmoja ukipita na hesabu yake ya magunia ikiwa kwenye daftari, mtazungumza habari ya mia.

Na kama siku moja atakuta ndege wengi wamekufa kwa usiku mmoja, au vichwa vimevimba na kuwa vya zambarau, asimpasue yeyote, asimuuze, asimpe jirani wala mbwa. Afunge banda, anawe, ampigie daktari wa mifugo wa wilaya siku hiyohiyo. Akifa mmoja mmoja mwenye kinyesi cha manjano, amfunge vizuri kwenye mfuko na ampeleke kwenye kituo cha Wakala wa Maabara ya Veterinari kilichopo Arusha angali mbichi. Hapo watamfungua ini mbele ya macho yake, na atajua kama ni kuku wake walioleta msiba.